Krismasi sita bila kufika ocha

Desemba 23, mwaka juzi, nilisimama stage ya Machakos Country Bus na begi langu la mgongoni. Nikaangalia nauli ya Kitui venye imepanda, nikageuka, nikarudi keja. Nilimwambia mamangu magari yameisha. Uongo. Magari yalikuwa tele na makanga walikuwa wananivuta mkono. Nauli pia haikuwa shida yenyewe. Nilikuwa nimeacha chuo mwezi wa nne, sina kazi ya kueleweka, na sikutaka kukaa chini ya mwembe mbele ya wajomba nikiulizwa niko mwaka wa ngapi, tena mikono mitupu.

Jioni ya Krismasi susu akapiga. Susu yangu kwa simu huongea kwa sauti ya juu sana, nadhani anaona Nairobi ni mbali. Hakunisalimia hata. Aliniambia babake alikosa Krismasi sita mfululizo. "Yeye alikuwa ameshikwa na vita. Wewe umeshikwa na nini?"

Sikuwa na jibu. Lakini hiyo sita ilinikaa kichwani. Nilijua babake susu alikuwa Keya, ndivyo watu walivyowaita askari wa King's African Rifles. Nilijua kuna picha moja imeharibika na maji. Mengine hatukuwahi kuuliza. Kwa hivyo wiki hiyo, badala ya kula pilau, nikasoma.

Tuanze na hili: Krismasi yenyewe Ukambani ilikuwa bado changa. Wamishenari wa Africa Inland Mission, wakiongozwa na Peter Cameron Scott, walifika Nzaui, Makueni ya leo, Desemba 1895. Scott alikufa Desemba iliyofuata. Sasa ukihesabu kutoka hapo mpaka vita vya pili vya dunia vianze 1939, ni miaka 44 tu. Kuna boma za Kitui ambazo Desemba ilikuwa mwezi wa mvua, palizi na ngoma za vijana, hakuna mtu ana habari ya Bethlehemu. Ndiyo maana naamini kuna vijana wa huko waliokula Krismasi yao ya kwanza kambini, wamevaa magwanda, wakipangwa mstari na sajini.

Na walifikaje kambini? Wale mmekuwa hapa tangu ile posti yangu ya majina ya barabara za Nairobi mnamjua Muindi Mbingu. Mwaka 1938 serikali ya kikoloni ilianza kuchukua ng'ombe wa Wakamba na kuwauza kwa lazima, ati wamezidi, wanaharibu udongo. Maelfu ya watu, wengi kutoka Machakos (Makueni wakati huo ilikuwa ndani ya wilaya ya Machakos), wakatembea mpaka Nairobi na kukaa huko wiki kadhaa wakimtaka Gavana. Muindi akakamatwa, akapelekwa kizuizini Lamu, lakini ule uuzaji wa lazima ukasimamishwa. Sasa fikiria: mwaka mmoja baadaye, serikali hiyo hiyo inarudi kwa boma zile zile. Safari hii haitaki ng'ombe. Inataka vijana.

Tena Waingereza walikuwa na hadithi yao, kwamba kuna makabila yaliyozaliwa kuwa askari, na Wakamba wakawekwa juu kwenye hiyo orodha. Mimi nilikua nikiambiwa hivyo kama sifa. Wakamba ni watu wa jeshi, watiifu, hawana maneno. Manze, ukisoma vizuri unaona ilikuwa bei. Udongo umechoka, mvua haiaminiki, kodi lazima ilipwe, na mshahara wa askari ulikuwa afadhali kuliko wa kibarua wa mashamba ya wazungu. Kenya nzima ilitoa Waafrika karibu 98,000 kwa vita hivyo. Wengine walijitolea. Wengine chifu aliwajitolea.

Susu anasema babake aliondoka 1940, yeye akiwa bado anabebwa mgongoni. Na kwa story za babake anataja majina matatu: Abisinia, Siloni, Bama. Nikaweka hayo majina kwa kalenda ya Keya, nikaona Krismasi zenyewe.

Krismasi ya 1940, majeshi yalikuwa yamejazana kaskazini mwa Kenya, jangwani, yakingoja kuvuka mpaka kuwaingilia Waitaliano. Februari 1941 walikuwa wameingia Kismayu na Mogadishu, Aprili wakafika Addis Ababa. Krismasi ya 1941, vita vya Ethiopia vilikuwa vimeisha mwezi tu uliopita, baada ya Gondar kuanguka Novemba. Ungedhani sasa wanarudi nyumbani. Zii. Wengine 1942 walipelekwa Madagaska kupigana na Wafaransa wa upande wa Vichy, na huko bunduki zilinyamaza Novemba. Krismasi ya 1943, Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki ilikuwa Ceylon, Sri Lanka ya leo, ikifundishwa kupigana msituni. Hiyo ndiyo Siloni ya susu.

Hapa kwa 1943 ndipo nilisimama kidogo.

Mvua za mwisho wa 1942 zilikataa, na 1943 Kenya ikapatwa na uhaba mkubwa wa chakula mpaka serikali ikaunda tume ya uchunguzi. Ukambani unajua venye inakuwaga mvua ikikataa, huhitaji mimi nikueleze. Sasa weka picha mbili kando kwa kando. Huku Kitui, mama anachuja muthokoi uenee watoto. Kule Ceylon, mwanawe anapata chakula kila siku kwa saa, ju jeshi haliwezi kupigana na njaa. Na siku ya Krismasi desturi ya jeshi la Uingereza ilikuwa kuongeza: nyama zaidi, sigara, mashindano ya kukimbia na kuvuta kamba. Kwa vikosi vya wazungu kuna hata desturi ya maafisa kuwapakulia askari wa chini chakula siku hiyo. Siku moja kwa mwaka bwana anakuwa mpishi, halafu kesho yake kila mtu anarudi mahali pake. Kwa Keya mahali pao palikuwa wazi: mshahara wa chini kuliko wa mzungu mwenye kazi hiyo hiyo, kipimo cha chakula tofauti, na hakuna Mwafrika hata mmoja wa Afrika Mashariki aliyepewa cheo cha ofisa vita vizima.

Najiuliza ile nyama ilipandaje kooni. Hakukuwa na njia ya kuituma. Kitu askari angeweza kutuma ni sehemu ya mshahara wake, ikapitia ofisi ya DC, familia ikaenda kuichukua. Na barua.

Barua nazo ni story yake. Vijana wengi waliingia jeshini hawajui kusoma. Jeshi likawafundisha, ju vita vya kisasa vinataka mtu anayeweza kusoma ishara na kuendesha redio, na lugha ya Keya ilikuwa Kiswahili. Kwa hivyo unapata kijana wa Kitui anajifunza kuandika akiwa ng'ambo, katika lugha ambayo mamake haelewi. Salamu zake za Krismasi zinasomwa kwanza na mkaguzi wa jeshi, mzungu anayetafuta siri na malalamiko. Zinapanda meli. Zinafika kwa chifu au kwa misheni. Mwalimu anazisoma kwa Kiswahili, anazigeuza Kikamba, mbele ya kijiji kizima. Watu watatu wamesikia kabla ya mama. Ukitaka kumwambia mamako umeogopa, unaiandikaje hiyo? Huiandiki. Unaandika salamu nyingi sana, mimi mzima, hofu ni kwenu. Sisi tulifundishwa shule kucheka hiyo mistari ya barua za kirafiki. Sahi naiona tofauti. Ilikuwa njia ya kusema kitu bila mtu wa katikati kukipata.

Mwaka 1944 ulianza vibaya. Mwanzo wa Februari meli Khedive Ismail iliondoka Mombasa kuelekea Ceylon imebeba watu zaidi ya 1,500, wakiwemo kikosi kizima cha mizinga cha Afrika Mashariki, na wauguzi. Februari 12, karibu na Maldives, nyambizi ya Japani ikaipiga. Ilizama kwa muda wa chini ya dakika tatu. Karibu watu 1,300 walikufa. Sijawahi kuona hiyo meli kwa kitabu cha historia cha shule, na mimi nilikuwa mtoto wa kukaa mbele darasa la historia. Nenda Nairobi War Cemetery, Ngong Road, uone ukuta wa majina ya wale hawana kaburi. Mimi nilienda Januari. Getini hakuna kiingilio, hakuna foleni, ni miti na wewe.

Divisheni ya 11 ikaingia Burma katikati ya mvua za monsuni. Agosti 1944 ilianza kushuka bonde la Kabaw, bonde la malaria na homa ya kupe wadogo wa msituni, matope mpaka magoti, njia zenyewe wanajijengea kwa magogo. Waislamu wao walifunga Ramadhani humo humo, Idd ikawakuta Septemba bado wanasonga. Desemba 2 wakachukua Kalewa, kando ya mto Chindwin. Siku chache baadaye mainjinia wakaweka daraja la kuelea la zaidi ya mita 350, na wakati huo lilikuwa refu kuliko daraja lolote la aina yake duniani. Jeshi kubwa likavukia hapo kuelekea katikati ya Burma. Kufikia mwisho wa mwezi waliofungua njia walikuwa wanapitwa na vikosi vingine na kuanza kurudishwa nyuma kupumzika. Hiyo ndiyo zawadi ya Krismasi 1944: kukaa chini na kuvua viatu.

Kuna kitu kingine cha mwaka huo lazima niwaambie. Nembo ya Divisheni ya 11, ile walishona begani, ilikuwa kichwa cha kifaru. Sasa, mwezi ule ule wa Agosti 1944 walipoanza kushuka Kabaw, huku nyumbani Makueni mwindaji wa serikali, J. A. Hunter, alianza kazi ya kuua vifaru ili msitu usafishwe watu wahamishiwe huko. Kufikia mwisho wa 1946 alikuwa amewaua karibu 1,000. Elfu moja! Makueni! Kijana anatembea Burma na kifaru begani, na kifaru mwenyewe anamalizwa kwao. Aliporudi aliikuta ile picha begani tu.

Sasa sikukuu zao hazikuwa za huzuni tupu, nisiwadanganye. Jeshi lilipenda ngoma, liliona zinashikilia roho za watu, na Wakamba kwa kucheza wanajulikana. Kulikuwa pia na kikosi cha burudani. Mmoja wao alikuwa Fundi Konde, Mgiriama wa Pwani, ndiyo, yule yule mzee wa gitaa ambaye babu zako walicheza nyimbo zake. Alizunguka India, Burma na Ceylon akiwapigia askari. Vita vilipoisha kundi lao likaendelea Nairobi kwa jina la Rhino Boys, kifaru tena, na kutoka kwa watu kama hao muziki wa gitaa wa Kenya ukashika njia ya studio. Hata kabla ya hapo, vita vya kwanza, Mkamba wa Wamunyu anaitwa Mutisya Munge alienda Tanganyika na huko akajifunza uchongaji, akarudi nao. Zile twiga za mbao unaona kwa maduka ya watalii zilianza na mtu aliyekuwa vitani si kwa kupenda kwake. Muda mtupu wa askari hutoa vitu.

Krismasi ya sita, 1945, ndiyo inaniuma kuliko zote. Japani ilishasalimu amri Agosti. Vita vimeisha, dunia imeshacheza barabarani. Lakini meli hazikutosha, na askari wa Kiafrika hawakuwa mbele kwenye mstari wa kurudishwa. Wengi walikaa India wakingoja, wakarudi ndani ya 1946. Krismasi ya vita unaweza kujieleza. Krismasi ya kungoja meli, bila adui, unajiambia nini?

Babake susu alirudi 1946. Susu alikuwa na miaka saba. Anasema aliona mtu mrefu na koti zito jua likiwaka, akakimbia kujificha kwa nyanyake. Hakumjua. Kwake baba lilikuwa neno ambalo mwalimu alikuwa akisoma kwa karatasi.

Na Desemba hiyo, Krismasi ya kwanza, yule mzee alifanya kitu ambacho susu husimulia kama ni jana. Alienda sokoni akarudi na mkate, sukari, majani ya chai, na kitambaa cha mkewe. Mkate ulikuwa ajabu kwa hiyo boma. Akakata vipande vilivyolingana, halafu akawapanga watoto wote wa ukoo mstari mmoja, mdogo mbele, akipiga kelele ya kambini: foleni! Hilo neno tunalotumia benki na hospitali limetoka jeshini, ni fall in ya Waingereza imepikwa na Keya. Watoto wa Kitui wakajifunza siku hiyo, na mkate mkononi.

Mimi naona, na unaweza kunipinga, kwamba Krismasi ya ocha tunayoijua ilizaliwa hapo. Si ile ya Nzaui. Ile ya mtu anayerudi. Mtu alikuwa mbali, anafika Desemba na mzigo, anafungua mbele ya watu, na mzigo ndio unaeleza alikuwa wapi na alikuwa nani huko. Askari waliianza, vibarua wa reli na wafanyakazi wa Nairobi wakaiendeleza, na sisi tunaikimbiza kila mwaka Mombasa Road na unga wa chapati kwa buti. Ndiyo maana stage inajaa. Ndiyo maana mimi niligeuka pale stage. Sikuwa na mzigo.

Lakini angalia mzigo wa mzee wenyewe. Miaka sita, mkate na sukari. Wazungu waliotoka vitani hiyo hiyo walikuwa na mpango wa serikali wa kupewa mashamba Kenya. Yeye alipewa pesa kidogo za kuagwa, koti, na akarudi kwa udongo ule ule wa 1938. Wengine kama Waruhiu Itote, ambaye pia alikuwa Burma, walirudi na hasira wakaingia msituni, akawa Jenerali China. Babake susu hakuingia popote. Alilima. Mwaka 1947 akapata mtoto wa kiume akamwita Musyoka, ambalo Kikamba ni mtu aliyerudi.

Nina binamu KDF. Jina lake na kambi yake sitaji. Kenya iliingia Somalia Oktoba 2011, na mwaka uliofuata ikaingia Kismayu, mji ule ule wa 1941. Januari 15, 2016, wiki tatu baada ya Krismasi, kambi ya El Adde ilishambuliwa, na mpaka leo serikali haijatoa idadi rasmi ya waliokufa. Kuna boma nchini zinajua idadi yao wenyewe, moja moja. Kwa hivyo usiniambie kukagua barua kuliisha 1945.

Mwaka jana nilienda. Nililipa ile nauli, nikabeba mikate miwili na sukari kilo mbili, hiyo ndiyo ilikuwa uwezo. Mjomba akauliza niko mwaka wa ngapi. Nikamwambia niliacha. Akanyamaza, akachukua embe, akalimenya lote kabla aseme, "Na hizo video zinalipa?" Nikamwambia bado.

Saa kumi hivi binamu akapiga. Susu akanyang'anya simu, akaanza kelele yake ya mbali, na kwa mara ya kwanza nikaona kwamba safari hii ni mbali kweli. Aliuliza, "Umekula?" Akasema amekula, kuna nyama, wamepikiwa vizuri. Susu akauliza tena umekula. Akasema ndio, susu. Mtandao ukaanza kukatakata. Aliuliza mara ya tatu, na sidhani alisikia jibu.